Wii iliyofunguliwa: haki ya mwenye konsoli inaishia wapi?

Mlango wa Wii, konsoli (mashine ya gemu) ya Nintendo, ulifunguliwa kwa jina la farasi. Mwaka 2008, kikundi cha wadukuzi kilichojiita Team Twiizers kiligundua kwamba gemu ya The Legend of Zelda: Twilight Princess haikuwa inapima urefu wa jina la Epona, farasi wa mchezaji. Wakaandaa faili la mchezo uliohifadhiwa ambalo ndani yake farasi ana jina refu kupita kiasi, wakaliweka kwenye kadi ya SD na kulinakili kwenye konsoli. Unawasha gemu, unafungua faili hilo, unamtembeza mhusika nyuma hatua chache. Gemu inapojaribu kulisoma jina, herufi zinafurika nje ya nafasi zilizotengewa na kumwagikia sehemu ya kumbukumbu inayoiongoza mashine. Skrini inakuwa nyeusi, kisha yanatokea maandishi. Kuanzia hapo konsoli inatii programu ambayo Nintendo haikuiidhinisha.

Ninachokiona muhimu katika kisa hicho ni kwamba hakuna kilichoibwa. Aliyefanya hivyo alikuwa na konsoli yake, diski yake halali na kadi yake. Hakuchomelea chipu wala hakuvunja ofisi ya mtu. Lakini haukupita muda mrefu kabla watu hawajaanza kucheza, kwenye Wii zilizofunguliwa, gemu ambazo hawakulipia hata senti. Yote mawili ni kweli. Mjadala wa konsoli za zamani huharibika pale upande mmoja unaposema la kwanza na kulimeza la pili, na upande mwingine ukafanya kinyume chake.

Programu zinazozungumziwa hapa nitaziita za kienyeji: zimeandikwa na wapenzi wa mashine, kwa zana zao, bila kibali cha mtengenezaji. Kwenye Wii, programu hizo zimeifanya konsoli icheze filamu za DVD, jambo ambalo kisomadiski chake kiliweza lakini haikuuzwa nalo. Zimewaruhusu watu kuweka nje ya konsoli mafaili ya michezo yao iliyohifadhiwa yaliyogoma kunakiliwa, na kuunganisha gemu na seva mbadala baada ya seva rasmi kuzimwa Mei 2014. Mfano ninaoupenda zaidi unatoka kwenye Xbox ya kwanza, konsoli ya Microsoft. Kicheza filamu na muziki kilichoandikwa kwa ajili ya Xbox zilizofunguliwa, XBMC, ndicho leo kinachojulikana kama Kodi, na kinatumika kwenye kompyuta, simu na televisheni duniani kote. Kilizaliwa mahali ambapo kisheria hakikutakiwa kuwepo.

Sasa tuwasikilize watengenezaji, kwa sababu hoja yao ni nzito kuliko inavyosimuliwa na wanaowapinga. Biashara ya konsoli haijasimama kwenye bei ya mashine. Zipo zilizouzwa kwa hasara, PlayStation 3 ya Sony ikiwa mojawapo, na fedha ilitarajiwa kurudi kupitia ada inayotozwa kwa kila gemu. Kufuli ndiyo inayohakikisha ada hiyo inalipwa. Ikivunjwa, anayeumia si kampuni kubwa peke yake. Ni pia studio ndogo ambayo gemu yake moja ndiyo mshahara wa mwaka mzima. Na wapo waliolifanya tundu kuwa duka. Februari 2022 mahakama ya Marekani ilimhukumu Gary Bowser wa Team Xecuter, kikundi kilichouza vifaa vya kufungulia konsoli ikiwemo Switch ya Nintendo, kifungo cha miezi 40. Hilo sioni njia ya kulitetea. Switch ilikuwa sokoni, gemu zake zilikuwa zinauzwa, na vifaa vile viliuzwa hasa kwa sababu vilifungua gemu za bure.

Mimi hapo ndipo ninapoweka mstari, na ninautambua kwamba hauko sawa na ule wa sheria. Ninatazama maswali mawili: je, mtengenezaji bado anakiuza kile anachodai kukilinda? Na je, aliyefungua anataka mashine, au anataka mali iliyomo kwenye diski za watu wengine?

Kwa Wii, jibu la swali la kwanza linajulikana. Duka lake la mtandaoni lilifungwa Januari 30, 2019. Maduka ya Wii U na 3DS, konsoli nyingine za Nintendo, yalifuata Machi 2023, na Aprili 2024 huduma zao za kucheza mtandaoni zikazimwa. Mwaka 2023 taasisi ya Video Game History Foundation ilichapisha utafiti ulioonyesha kwamba asilimia 87 ya gemu za zamani zilizotolewa Marekani haziuzwi tena kwa njia yoyote rasmi. Anayezitaka atafute diski iliyotumika kwa bei atakayopangiwa na muuzaji, asafiri hadi kwenye maktaba iliyoihifadhi, au avunje sheria. Kampuni iliyofunga kaunta haiwezi kudai kwa nguvu ile ile kwamba mteja anaikimbia kaunta.

Hata hivyo, wale wanaosema “mashine ni ya zamani, kwa hiyo yote ni halali” wanajidanganya. Hakimiliki ya gemu hudumu miongo mingi baada ya konsoli kuacha kutengenezwa, na gemu ya zamani inaweza kurudi sokoni wakati wowote, kama zilivyorudi nyingi. Umri wa konsoli unanipa sababu ya kuifungua. Haunipi gemu ya mtu. Anayenakili diski zake mwenyewe kwenye diski kuu ya USB kwa sababu kisomadiski kimechoka yuko upande mmoja wa mstari wangu. Anayepakua maktaba nzima ambayo hakuwahi kununua yuko upande wa pili, na programu wanayotumia inaweza kuwa ile ile.

Sheria nayo inasitasita. Marekani, sheria ya 1998 inayoitwa DMCA inakataza kuvunja kufuli ya kidijitali hata pale unapofanya jambo lisilokiuka hakimiliki, na kila baada ya miaka mitatu hupitiwa upya orodha ya matumizi yanayosamehewa. Simu ziliruhusiwa kufunguliwa tangu 2010. Mwenye konsoli alikataliwa, akakataliwa tena, hadi 2021 aliporuhusiwa jambo moja tu: kutengeneza kisomadiski kilichokufa, na baada ya hapo kufuli irudishwe kama ilivyokuwa. Ulaya imechukua njia tofauti. Januari 2014, katika shauri la Nintendo dhidi ya PC Box, Mahakama ya Haki ya Umoja wa Ulaya ilisema ulinzi wa kidijitali lazima ulingane na lengo lake, na kwamba majaji watazame vifaa vya kufungulia vinatumika vipi hasa katika hali halisi. Hilo ndilo swali sahihi, kwa maoni yangu, ingawa kulijibu ni kazi ngumu kuliko kukataza kila kitu.

Watetezi wa konsoli wazi hupenda kutaja PlayStation 3, na kisa chake kinastahili kusimuliwa chote. Ilipotoka 2006, Sony iliruhusu rasmi kuweka Linux, mfumo huru wa uendeshaji, kupitia kipengele kilichoitwa OtherOS. Jeshi la Anga la Marekani liliunganisha zaidi ya konsoli 1,700 kuwa kompyuta moja kubwa. Mapema 2010 mdukuzi George Hotz alitangaza kwamba ameipenya mashine, akianzia kwenye mlango huo wa Linux. Tarehe 1 Aprili 2010, sasisho 3.21 likakifuta kipengele hicho hata kwenye konsoli zilizonunuliwa kikiwa kimetangazwa. Mwishoni mwa mwaka, kikundi cha fail0verflow kilionyesha hadharani kwamba namba ambayo ilipaswa kubadilika kila Sony inapotia saini programu ilikuwa haibadiliki kamwe, na kwa hesabu hiyo ufunguo wa siri ukapatikana. Hoja yao ilikuwa kwamba wenye ujuzi waliiacha PS3 salama kwa miaka kadhaa kwa sababu walikuwa na pa kufanyia kazi zao. Ninaikubali kwa sehemu kubwa. Lakini tusifiche kwamba hofu ya Sony haikutoka hewani. Pigo la kwanza lilipitia mlango uliotolewa kwa hisani. Kosa la Sony ni kuwanyang'anya wanunuzi wote kitu walichokilipia ili kumzuia mmoja.

Kasoro ya Wii ilikuwa ya kushangaza zaidi. Konsoli ilitakiwa kukokotoa alama ya kila programu, yaani msururu mfupi wa baiti unaotokana na yaliyomo, na kuilinganisha na ile iliyo kwenye saini ya Nintendo. Ila aliyeandika sehemu hiyo alitumia amri ya kulinganisha maandishi, ambayo ikikuta baiti ya sifuri huhesabu kwamba maandishi yamekwisha. Ukileta saini iliyojaa sifuri tupu, na programu ambayo alama yake inaanza na sifuri, konsoli inasimama kwenye baiti ya kwanza na kusema zimefanana. Kupata programu ya namna hiyo ni kubadilisha baiti chache zisizo na kazi na kujaribu tena, kwa wastani mara 256. Kompyuta yoyote inamaliza hilo kufumba na kufumbua. Nintendo ilijaribu kuziba njia za kufungulia kwa sasisho la 4.3 mwaka 2010, lakini mwaka uliofuata ikatoka njia mpya, LetterBomb, barua yenye picha ya bomu unayoibofya kwenye ubao wa ujumbe wa konsoli.

Nisiwapambe kupita kiasi wadukuzi. Aprili 2025, mradi wa Homebrew Channel, chaneli maarufu kuliko zote za programu za kienyeji kwenye Wii, ulisitishwa na mmoja wa waanzilishi wake. Alidai kwamba libogc, maktaba ya msimbo ambayo karibu kila programu ya Wii inaitegemea, ilichukua sehemu kutoka kwenye zana za siri za Nintendo na kutoka RTEMS, mfumo huru wa uendeshaji, bila kuwataja waandishi wake. Madai hayo yalinigusa sana. Jamii inayosema “tunaandika vyetu wenyewe” ina wajibu wa kuthibitisha hivyo mstari kwa mstari, maana utetezi wake wote umejengwa juu ya maneno hayo.

Yapo pia yanayomhusu mwenye konsoli peke yake. Kabla ya kusakinisha, zana za Team Twiizers zinaonyesha onyo: kama umelipia programu hii, umetapeliwa, dai fedha zako. Lipo kwa sababu kweli kuna waliouza kilichotolewa bure. Na ukiandika vibaya kwenye kumbukumbu ya ndani, Wii inageuka tofali, haiwaki tena. Wii za mwanzo zinakubali BootMii, programu ya kienyeji ya uokoaji, kukaa chini kabisa, ikawaka kabla ya mfumo wenyewe, hivyo hata mfumo ukiharibika bado kuna pa kushikia. Za baadaye hazikubali, na hilo haligunduliki kwa kutazama boksi. Kwa hiyo kazi ya kwanza, kabla ya mapambo na magemu, ni kunakili kumbukumbu yote ya megabaiti 512 kwenye kadi ya SD. Nakala ya Wii ya rafiki haitakufaa, kwa kuwa kila konsoli ina funguo zake.

Nakala hiyo ina kazi nyingine ambayo watengenezaji hawaizungumzii. Gemu zilizonunuliwa kwenye duka la Wii zimefungwa kwenye konsoli iliyozinunua. Nintendo ilipolifunga duka iliacha njia ya kupakua upya ulivyolipia, ikisema kwamba nayo itakoma siku moja. Siku hiyo ikifika, na kumbukumbu ya ndani ikafa, kitakachobaki cha mteja aliyelipa kwa uaminifu ni lile faili moja kwenye kadi ya SD, lililotengenezwa kwa programu ambayo hakuruhusiwa kuiwasha.