Si nywila, ni namna ya kupatana ufunguo

Makala yenu kuhusu kompyuta za kwantamu (zinazokokotoa kwa kanuni za fizikia ya chembe ndogo) ni nzuri, ila hapo mliposema "zitafungua nywila zote" mmeteleza. Kinachotishiwa ni namna simu mbili zisizojuana zinavyopatana hadharani ufunguo wa siri, yaani namba ya kufungia ujumbe, ile njia ya wataalamu Diffie na Hellman ya 1976.

Chukua 5, tutumie mabaki ya kugawanya kwa 23. Siri yangu 4: 5 kwa kipeo cha 4 ni 625, mabaki 4. Siri yako 3: 125, mabaki 10. Tunatumiana mabaki hayo, 4 na 10, kila mtu anaona. Mimi napandisha 10 kwa kipeo cha 4, wewe 4 kwa kipeo cha 3, tukichukua mabaki sote tunaangukia 18, huo ndio ufunguo! Badala ya 23 weka namba ya tarakimu mia sita, mdukuzi anabaki kutoa macho.

Mwanahisabati Peter Shor alionyesha 1994 kwamba kompyuta ya kwantamu ingeipata siri hiyo. Mashine yenye uwezo huo bado haipo, lakini anayerekodi mawasiliano leo anaweza kuyaweka akiba ayafungue itakapokuja. Ndiyo maana Signal, programu ya ujumbe, walianza kubadilisha njia yao ya kupatana ufunguo 2023, na NIST, taasisi ya viwango ya Marekani, ikatoa viwango vipya vya kukabili kwantamu Agosti 2024. Faili zangu nilizofunga kwa AES-256, usimbaji usiohitaji kupatana ufunguo hadharani, wala sizihofii. Majibu ya vipimo vya hospitali yanayopita mtandaoni sasa hivi, hayo ndiyo ninayoyahofia.