Kyureta wa wachoraji wa Sudan anawaokoa au anakula na vita yao?

Mi kazi yangu ni fremu. Nachonga mbao, navuta turubai, napiga stepla, nakaa Nairobi ila kwetu ni Mombasa. Tangu katikati ya 2023 nimepata wateja wapya, vijana wa Kisudani wanakuja na zile bomba za maji za plastiki, ndani mna picha zimeviringishwa, na nikizitandaza mezani nakuta rangi imepasuka mistari mistari kwa sababu iliviringishwa rangi ikiwa ndani badala ya nje. Hawa ni watu wamesoma uchoraji, wanajua vizuri jinsi ya kuviringisha turubai, ila siku ile walikuwa wanatoka Khartoum mbio.

Juzi kati hapo kwangu jamaa wawili walibishana mpaka chai ikapoa. Mmoja anasema bila makyureta hawa wachoraji wangeshapotea. Mwenzake akamjibu makyureta wanakula na vita, wanazunguka na mateso ya watu wakiyauza kwa wafadhili. Nimelala na ule ubishi siku kadhaa, naona kila mmoja ameshika kipande cha ukweli.

Tuanze na kyureta mwenyewe ni nani. Ni yule anayechagua kazi za wasanii, anazipanga ukutani, anaziandikia maelezo na kuzitafutia wanunuzi. Kwa Wasudani mfano unaojulikana ni Rahiem Shadad, ambaye 2019 alianzisha galari ya Downtown pale Khartoum, mwaka ule ule Rais Omar al-Bashir aliong'olewa na vijana wakapaka kuta za mji picha za mapinduzi, hasa kule walikokaa mbele ya makao makuu ya jeshi hadi walipovamiwa na kuuawa tarehe 3 Juni. Kipindi kile sanaa ilifunguka ghafla. Alafu tarehe 15 Aprili 2023, mwishoni mwa Ramadhani, jeshi na wanamgambo wa RSF wakaanza kupigana katikati ya mji na kila kitu kikasimama. Shadad akaja Nairobi, akafungua makazi ya wasanii waliokimbia, mtu anapata pa kulala na pa kuchorea. Panaitwa Rest, yaani pumziko.

Upande wa wanaomtetea una hoja nzito kuliko watu wanavyodhani, kwa sababu wengi wakisikia kyureta wanafikiria ufunguzi, juisi na picha za simu. Mimi naona makaratasi. Mchoraji mkimbizi anaweza kuwa na kipaji cha ajabu lakini hana akaunti ya benki ya kupokelea hela kutoka nje, na mnunuzi wa Ulaya anataka ankara, anataka hati ya kuthibitisha kazi ni ya huyu kweli, anataka vipimo, anataka bima ya mzigo. Nani atayafanya hayo? Misri iliwawekea Wasudani wote sharti la viza tangu Juni 2023, kwahiyo hata barua ya mwaliko yenye muhuri inaweza kumtoa mtu sehemu moja kumpeleka nyingine. Halafu kuna kumbukumbu. Jumba la Makumbusho la Taifa pale Khartoum, lililofunguliwa 1971, limeporwa. Kama jumba la serikali limeporwa, studio ya kijana wa miaka 26 aliyeiacha na kufuli moja itakuwaje? Wengine kilichobaki cha kazi zao za miaka 5 au 6 ni picha zilizoko kwenye simu. Kyureta aliyewahi kuorodhesha kazi hizo, jina, mwaka, vipimo, ndo mtu pekee anayempa msanii pa kuanzia akitaka kudai kilicho chake siku picha yake ikitokea sokoni mahali.

Sasa upande wa pili, na hapa sitaki kuupitia juu juu kwa sababu una maumivu.

Wafadhili wanapenda vita. Nisieleweke vibaya, sisemi wanafurahia, nasema hela inakuja haraka kama picha ina moshi, ina mama amebeba mtoto, ina damu. Mwaka jana kuna binti aliniletea kazi 4 za kutia fremu. Tatu zilikuwa za vita na moja ilikuwa ua la nyumba ya bibi yake Omdurman, mji ulio ng'ambo ya Nile kutoka Khartoum, kitanda cha kamba, na ule mtungi mkubwa wa maji wanaouita zir umekaa kwenye kivuli na kikombe cha bati juu yake. Nilikaa naangalia ule mtungi muda mrefu, alikuwa ameuchora mpaka unaona jasho la udongo. Waliopanga maonyesho, siwataji, walichukua zile 3 wakaurudisha mtungi. Walimwambia hauelezi hali ya Sudan. Nauliza, na unaeleza nini kingine basi? Hicho ndo alichopoteza.

Hii ndo hofu yangu kubwa, kwamba tutakuwa na kizazi kizima cha wachoraji wanaojulikana kwa kukimbia tu, wakati Sudan ina historia ya uchoraji ambayo wengi wetu Afrika Mashariki hatuifikii. Ibrahim El-Salahi, mzaliwa wa Omdurman 1930, alifungwa miezi 6 mwaka 1975 bila kushtakiwa, alikuwa anachora kwenye vijikaratasi gerezani na kuvifukia mchangani asikamatwe. Lakini hakuna anayemjua El-Salahi kama mchoraji wa jela, anajulikana kwa namna alivyoichukua herufi ya Kiarabu akaivunja mpaka ikawa sura ya mtu, na jumba la sanaa la Tate Modern la London likamfanyia maonyesho makubwa 2013. Kamala Ibrahim Ishaq, mchoraji mwingine wa Sudan, naye alichora wanawake na roho za zar, ile ibada ya kupunga pepo. Walipewa nafasi ya kuwa na mambo mengi.

Na huyo huyo El-Salahi anatuletea hoja nyingine. Kazi yake kubwa The Inevitable, ile ya vipande 9 ya miaka ya 1980, iko kwenye jumba la chuo cha Cornell kule Marekani. Imetunzwa vizuri, sawa, ingekuwa Khartoum huenda saa hii ingekuwa majivu. Lakini mtoto wa Omdurman ataiona lini? Kila picha inayouzwa Nairobi leo ikaruka Ulaya ni njia ile ile, tena msanii mwenye kodi ya nyumba anauza bei ya shida, na galari kwa kawaida inachukua karibu nusu.

Kuna pia suala la nani anachaguliwa. Zaidi ya watu milioni 12 wamehamishwa na hii vita. Aliyefika Nairobi alikuwa na pasipoti, nauli na namba ya mtu. Mchoraji wa Darfur aliyevukia Chad kwa miguu hana mwaliko wa kyureta yeyote. Simlaumu kyureta kwa hilo, hana ndege, ila asiseme anawakilisha wasanii wa Sudan wote. Na Nairobi yenyewe si kimbilio safi, Februari 2025 RSF na washirika wao walisaini hapa hapa mkataba wa kuunda serikali yao, Sudan ikakasirika mpaka ikapiga marufuku bidhaa za Kenya, chai ikiwemo. Kuna watu waliokimbizwa nyumbani na hao hao RSF wakawasikia wakishangiliwa mji waliokimbilia.

Nikiweka yote kwenye mizani, mi naegemea kwa kyureta, ila namdai vitu. Mkataba uandikwe kwa Kiarabu, msanii ausome mwenyewe. Picha ikiuzwa, ankara ionyeshe mnunuzi ni nani na ikiuzwa tena msanii ataarifiwe. Kazi chache za kila msanii ziwekwe kando zisiuzwe kabisa, zisubiri Khartoum. Na mtungi utundikwe. Kama mfadhili hataki mtungi, hapo ndo kyureta anatakiwa abishane, kwa sababu msanii mgeni mwenye njaa hawezi kubishana na anayemlipia chumba.

Yule binti alirudi baadaye kwa ajili ya ile picha ya ua, akaniambia ya ammi, yaani ami yangu, usitie gundi. Alitaka fremu ya skrubu tupu, kona zote 4, na akaomba nimwonyeshe kuifungua. Tukaifungua na kuifunga mara 3 pale mezani huku akihesabu dakika kwenye simu.