Hukwe Zawose Angeweka Vema Wapi?

Wiki iliyopita mpwa wangu alikuja nyumbani na fomu ya kuombea ufadhili wa mafunzo ya sanaa. Ukurasa wa pili una visanduku vitano: mwanamuziki, mcheza ngoma, mwigizaji, fundi wa sanaa, mwalimu. Chini yake kuna maneno kwa herufi kubwa: WEKA ALAMA YA VEMA KWENYE KISANDUKU KIMOJA TU. Binti huyu anapiga zeze, anacheza, na jioni hufundisha watoto wa majirani kuimba na kutengeneza ala kwa mbao na mabati wanayookota.

"Mjomba, niache kipi?" akaniuliza.

Nilikosa jibu, na usiku ule usingizi nao nikaukosa. Nilikuwa namfikiria Hukwe Zawose. Huyu ni Mgogo wa Dodoma aliyekulia kwenye kuchunga ng'ombe, akafunzwa muziki na baba yake, kisha akaitwa Dar es Salaam miaka ya 60. Mwalimu Nyerere alikuwa ametangaza wizara ya utamaduni tarehe 10 Desemba 1962, mwaka mmoja na siku moja baada ya uhuru, akitaka taifa changa lisimame na vya kwake. Chuo cha Sanaa Bagamoyo kilipoanza mwaka 1981, Zawose akawa mwalimu pale. Alizunguka dunia, akarekodi Uingereza na lebo ya Real World, na kila mara akarudi Bagamoyo, mpaka alipofariki Desemba 2003. Mpeni kalamu na fomu ile. Angeweka vema wapi?

Tuchukue ilimba peke yake, moja ya ala alizopiga. Boksi la mbao, juu yake vijichuma vinavyopigwa kwa vidole gumba. Vingine kati yake havipigwi kabisa. Vimewekwa ili vitetemeke vyenyewe jirani zake wanapolia. Kwenye matundu ya boksi hubandikwa utando wa buibui, na hapo ndipo unapotoka ule mvumo kama wa nyuki mzingani. Ala hii hurekebishwa kwa sikio la anayeipiga, ikalingana na koo la anayeimba. Ukitenganisha fundi na mpigaji, ukamtenga na mwimbaji, ilimba inabaki ubao wenye vyuma. Zawose alikuwa fundi, mpigaji na mwimbaji kwa wakati mmoja, na miguuni alivaa njuga, kwa hiyo hata hatua zake zilikuwa sehemu ya mdundo. Niambieni ni kipi hapo cha kukata.

Au nendeni Ugogoni mkaangalie muheme, ngoma ya wanawake. Mwanamke amebana ngoma mapajani, anapiga, anaimba, na mwili wake wote unacheza. Hakuna anayesema huyu ni mpigaji, yule mchezaji, wale waimbaji waliokodiwa. Lugha yetu yenyewe ilishalijua jambo hili. Ngoma ni kile kilichowambwa ngozi. Ngoma ni mchezo. Ngoma ni shughuli nzima, ya harusi au ya unyago, na watu wake na chakula chake. Neno moja limebeba vyote hivyo, nasi tumekaa ofisini tukavipasua vipande kisha tukamwambia mtoto achague kimoja.

Mzee mmoja niliyemsimulia alinijibu haraka: mshika mbili moja humponyoka. Nimechapwa na methali hiyo tangu utotoni, na nakubali, kwa shingo upande, kwamba kuna ukweli ndani yake. Wapo wanaogusa kila kitu na hawakai na chochote hadi kikaiva. Nakubali pia kwamba mwenye fedha anahitaji kujua anagharamia nini. Lakini Zawose hakushika mbili. Alishika moja yenye pande nyingi, akaishika maisha yake yote.

Kinachonichoma zaidi ni kile kisanduku cha tano. Ualimu umetengwa kana kwamba mtu huivua sanaa yake mlangoni anapoingia darasani. Nimewasikia watu wazima wakisema fulani "ameishia kufundisha", kwa sauti ile ya msibani. Ameishia wapi? Pale Bagamoyo mwanafunzi alifika akitaka muziki, akakuta ngoma, maigizo, sarakasi, sanaa za ufundi, mpaka kazi za nyuma ya jukwaa. Ulihitajika mwalimu ambaye mwili wake mwenyewe ulishaziunganisha fani hizo, kwa sababu jambo hilo halisomwi ubaoni. Mwanafunzi huliona mguuni pa mwalimu, kwenye pumzi yake, kwenye namna anavyongoja kabla ya kuingia na sauti.

Na nyumbani kwa Zawose darasa lilikuwa ni hilo hilo, bila kengele. Watoto, wapwa na wajukuu walikua ndani ya sauti. Mwaka 2024 binti yake Pendo na mjukuu wake Leah, kwa jina la The Zawose Queens, walitoa albamu yao kwenye lebo ile ile ya Real World. Kwa miaka mingi wanawake wa ukoo ule walikuwa nyuma, kwenye kiitikio na kwenye kucheza. Leo wako mbele na ala mikononi. Miaka 20 na ushei baada ya mwalimu kuzikwa, somo bado linaendelea, halafu kuna mtu anaandika kwenye fomu kwamba mwalimu ni kitu kingine na mwanamuziki ni kitu kingine!



Mpwa wangu aliweka vema kwa "mwanamuziki", maana mwisho wa kupokea maombi ulikuwa Ijumaa na fedha anazihitaji kweli. Watoto wale wa jioni hawakutajwa popote, wala kucheza kwake, wala zile ala za mabati. Ninyi mnaoandaa fomu hizi, baadhi yenu nawafahamu na najua mnaipenda kazi yenu. Siwaombi mfute visanduku. Futeni neno "tu", na chini yake muache mistari mitatu mitupu mtu ajieleze.