Majina Makubwa ya Christ's Hospital Yanathibitisha Nini?

Mjadala wa shule za bweni za binafsi za Uingereza ukipamba moto, pande zote mbili hukimbilia orodha za waliosoma huko. Mtetezi husema kwamba Eton imetoa mawaziri wakuu 20, na kwamba Harrow imewalea Churchill na Nehru, kwa hiyo shule hizi zinajua kulea viongozi. Mkosoaji huisoma orodha ileile akaona mtoto aliyeingia akiwa tayari na baba mwenye mali na jina, kisha akatoka na kile alichoingia nacho. Tangu Januari 2025, serikali ilipoanza kuzitoza ada za shule hizi kodi ya ongezeko la thamani ya asilimia 20, hoja ya mkosoaji imepata nguvu ya sheria, nami kwa sehemu kubwa ninaikubali. Katika nchi ambayo takriban watoto 7 tu kati ya 100 husoma shule za binafsi, si haki kukiita kipaji kile ambacho mara nyingi ni urithi.

Hata hivyo, ipo shule moja ambayo hoja hiyo inaihukumu bila kuitazama usoni. Christ's Hospital ilianzishwa mwaka 1552 chini ya Mfalme Edward VI, katika majengo yaliyokuwa ya watawa pale Newgate, London, ili kuwatunza yatima na watoto wa mafukara wa jiji. Mwaka 1902 ilihamia Horsham, kusini mwa nchi. Wanafunzi wake bado huvaa koti refu la buluu na soksi ndefu za manjano, vazi linalofanana sana na lile la karne ya 16, na hupewa bure. Mgeni akiliona hudhani ni mbwembwe za matajiri, kumbe ni vazi la mtoto wa wakfu. Ada yenyewe hupangwa kwa kuangalia kipato cha wazazi, na wapo wasiolipa hata senti.

Sasa tuitazame orodha yake. Mshairi Samuel Taylor Coleridge, mtoto wa mwisho wa kasisi wa Ottery St Mary, alifiwa na baba mwaka 1781, akikaribia kutimiza miaka 9, na mwaka uliofuata alikuwa London ndani ya koti la buluu. Hisabati shuleni hapo ilikuwa mikononi mwa William Wales, mwanaastronomia aliyesafiri na mvumbuzi wa baharini, nahodha James Cook, hadi kwenye bahari za barafu za kusini kati ya 1772 na 1775. Yatima wa mji mdogo, ambaye baadaye angetunga shairi maarufu la merikebu iliyonaswa kwenye barafu, asingemkuta mtu wa namna hiyo kwa urahisi mahali pengine. Naye mwandishi Charles Lamb alikuwa mtoto wa mtumishi wa mwanasheria. Hawa hawakuingia na mali ya kutoka nayo.

Mkosoaji makini atajibu kwamba hata fukara alihitaji kujulikana, na hapo amesema kweli. Nafasi zilitolewa kwa pendekezo la wadhamini wa shule, na Lamb alipata yake kwa msaada wa mwajiri wa baba yake. Mtoto wa kibarua asiyejuana na mtu yeyote alibaki mtaani.

Lakini jambo linalonisumbua kuliko yote katika orodha hii ni kigugumizi. Wanafunzi bora kabisa waliandaliwa kwenda Oxford au Cambridge, kwa matarajio kwamba wangekuwa makasisi. Lamb alikuwa na akili ya kutosha, ila ulimi wake ulikwama, na asiyeweza kuhubiri hakupelekwa. Aliondoka mwaka 1789 akiwa na miaka 14, na kuanzia 1792 hadi 1825 alikaa kwenye dawati la hesabu la Kampuni ya Uhindi ya Mashariki. Leigh Hunt, aliyemfuata shuleni hapo miaka michache baadaye, alikwamishwa na kigugumizi hichohicho. Wawili hawa leo wanahesabiwa miongoni mwa waandishi bora wa insha wa Kiingereza wa zama zao, na shule inajivunia majina ambayo yenyewe iliyafungia mlango wa juu. Mtetezi anayewataja kama ushahidi wa mafunzo hana budi kuueleza na mlango huo. Hunt aliacha pia kumbukumbu ya mwalimu mkuu, James Boyer, kumng'oa jino kwa kumpiga na kitabu cha Homer, mshairi wa kale wa Kigiriki.

Lamb mwenyewe alizipima pande zote mbili. Mwaka 1813 aliisifu shule yake. Mwaka 1820 aliandika tena, safari hii kwa sauti ya mtoto asiye na ndugu mjini. Mtoto huyo anamwona Lamb akinywa chai na mkate wa moto asubuhi, na shangazi yake akimletea chakula kutoka nyumbani, ilhali yeye siku za mapumziko anazurura mitaa ya London asijue pa kubisha hodi. Huyo mtoto ni Coleridge. Hata ndani ya makoti yaliyofanana, aliyekuwa na watu karibu alikula vizuri kuliko yatima, na sijasoma ukosoaji wa shule za bweni unaougusa ukweli kwa karibu kuliko huo.

Pamoja na hayo yote, ninaona ni kosa kuiweka Christ's Hospital katika kapu moja na Eton. Sheria ya kodi haiulizi mlipaji ni nani: ada kamili ya tajiri na sehemu ndogo anayolipa mzazi wa kipato cha chini hutozwa kwa kiwango kilekile.

Mhandisi Barnes Wallis, ambaye baba yake alikuwa daktari na alilemazwa na polio, alisoma hapo kuanzia 1900 na kuondoka bila kwenda chuo kikuu. Ndiye aliyebuni bomu la kudunda juu ya maji lililobomoa mabwawa ya Ujerumani Mei 1943, katika shambulio ambalo wanahewa 53 kati ya 133 waliuawa, na vifo hivyo vilimuumiza sana. Mwaka 1951 serikali ilimtunuku pauni 10,000 kwa uvumbuzi wake. Fedha hizo aliipa Christ's Hospital, ili watoto wa wanahewa waliofariki au kujeruhiwa wavishwe koti la buluu na kusomeshwa.