Aliyeshika muhuri hakuwa Honda

Soichiro Honda alikuwa fundi wa kweli, na mkali. Ukifunga nati ovyo karakanani kwake utakiona cha moto. Alianzisha kampuni ya Honda, ya pikipiki na baadaye magari, mwaka 1948, na mwaka uliofuata akampata Takeo Fujisawa, mtu wa mauzo na hesabu, asiyejua kutengeneza injini. Honda akamkabidhi muhuri wa kampuni. Kwa Wajapani muhuri ndio sahihi yenyewe, kwa hiyo mwenye jina lake mlangoni hakuwa mwenye kuidhinisha malipo.

Wengi husifia urafiki wao. Mimi navutiwa na walivyogawana neno la mwisho. Fujisawa alipotaka pikipiki ambayo kijana anayepeleka tambi za soba ataiendesha kwa mkono mmoja, huku mwingine umebeba sinia, hakumfundisha Honda namna ya kuiunda. Honda akaondoa mkono wa klachi, na mwaka 1958 ikatoka Super Cub.

Sasa tazama kampuni zetu zinazokua. Mwanzilishi anatuma sauti WhatsApp saa sita usiku. Mhasibu hataki kusikia jambo lisilo na karatasi. Mkuu wa mauzo anamwahidi mteja kwanza, stoo anauliza baadaye. Wakishagombana, wanapelekwa hotelini ufukweni wakavute kamba na kupiga picha wamevaa fulana za rangi moja. Kwangu hizo ni hela za bure. Mtu wa kutuma sauti usiku haachi kwa sababu ya fulana. Afadhali wangekaa nusu siku waamue bei inapangwa na nani, na nani anaajiri, maana yasipoamuliwa hayo anashinda mwenye sauti kubwa au aliye karibu na bosi.

Mwaka 1964 Fujisawa aliwaweka wakurugenzi wote chumba kimoja, hakuna mwenye ofisi yake. Huku kwetu ungeleta vita, maana kiyoyozi na kibao cha jina mlangoni ni nusu ya cheo. Lakini wanaokaa chumba kimoja hugombana ana kwa ana, hawapitishi maneno kwa makatibu.

Hata hivyo neno la mwisho nalo lina hatari zake. Mwishoni mwa miaka ya 1960 Honda aling'ang'ania injini za magari zipozwe kwa hewa. Wahandisi vijana walitaka maji, ila nani amwambie? Fujisawa ndiye aliyemuuliza: wewe hapa ni rais wa kampuni au ni mhandisi? Honda akajibu kwamba ni rais, na maji yakaruhusiwa. Gari la Civic la mwaka 1972 lilipozwa kwa maji, na mwaka 1973 wazee hao wawili wakastaafu pamoja.

Katika kampuni nyingi za kwetu, mwenye ubavu wa kuuliza swali kama lile ni mhasibu, yuleyule tunayemkatiza kikaoni kwa sababu eti anachelewesha mambo.