Hatua ya nne haikuwepo

Haya, kwa kuwa rafiki yangu wa Chikongola keshatuma sauti kwenye kila grupu la Mtwara kwamba nimerudishwa nyumbani kwa toroli huku nalia, ngoja niseme mwenyewe. Toroli ni kweli. Kulia sikulia, lile lilikuwa jasho.

Kazi yangu mnaijua, mazoezi tiba. Msimu wa korosho ndio huu, nikaenda ghalani Nanyamba saa 12 na nusu asubuhi kuwafundisha wapagazi kunyanyua. Gunia la kilo 80 sikuligusa, mimi si mwehu. Nikachukua kiroba cha kilo 20. Moja: panua miguu usawa wa mabega. Mbili: kunja magoti, siyo kiuno. Tatu: kumbatia mzigo ubanane na tumbo, nyanyuka kwa nguvu ya mapaja. Ukitaka kugeuka, geuza nyayo. Ukizungusha kiuno na mzigo mkononi, diski za chini, vile vitakia laini kati ya pingili za mgongo, ndizo zinazolipa.

Ndiyo kwanza nimechuchumaa nusu, nasikia nyuma: "Hamjambo wanangu?"

Mama mkwe! Kaja kuwahi mizani na magunia yake mawili.

Sasa niambieni, nani anamwamkia mkwewe kwa kumpa kisogo? Nyayo zikabaki kwenye korosho, kiuno kikaenda kwa mama mkwe. "Shika..." Kah! Kitu kikafyatuka chini ya mkanda. "Moo" ikajitokea yenyewe, nyembamba, kama ya mbuzi.

"Marahaba, baba." Akasubiri. "Inuka basi, heshima imetosha."

Kuinuka ndiko kulikogoma. Misuli ilishajikaza ngumi. Natupa jicho pembeni: wapagazi sita wamepinda vilevile, wamekumbatia hewa, vichwa kwa mama mkwe. Mmoja akanong'ona, "Mwalimu, hii hatua ya nne tunakaa dakika ngapi?"

Toroli. Nyumbani. Chali, miguu juu ya kiti, kitambaa cha moto dakika 15. Kesho yake nikatembea kidogokidogo, maana kulala siku nzima kunarefusha maumivu. Siku ya tatu kuinua makalio, mara 10. (Anayeniuliza kuhusu ganzi: ikiwa sehemu za siri, au mkojo umegoma, au mguu hauna nguvu, hospitali leo hii, usinisubiri mimi.)

Kosa jingine, nilikuwa nimetoka kitandani muda huohuo. Usiku diski hufyonza maji na kuvimba. Asubuhi mbichi kuinama kunazielemea zaidi. Hili huwa nawaambia wagonjwa kila siku.

Mama mkwe anatangaza hajapata kuona mkwe mwenye adabu kama mimi. Keshokutwa anakuja kunijulia hali, na kuinama bado siwezi.