Hiace Ijae, Mto Ujae

Mimi nakaa Kata ya Reli, Mtwara mjini. Usiniulize treni inapita saa ngapi. Reli ilikuwepo, ya ule mpango wa karanga wa Waingereza, kutoka bandarini kwenda Nachingwea. Karanga zikagoma, na mwanzoni mwa miaka ya 1960 vyuma vikang'olewa, tukaachiwa jina. Siku hizi tunaambiwa inakuja nyingine, ndefu zaidi, mpaka Mbamba Bay kule Ziwa Nyasa. Haya, ije. Mtu wa Kata ya Reli subira anaianza tumboni mwa mama yake.

Ila leo sisemi ya treni. Nasema ya kwenda Palma.

Shemeji yangu, kaka yake Mama Zuhura, amehamia Palma, Msumbiji, ng'ambo ya mto Ruvuma. Kila akipiga simu wimbo ni mmoja: "Shemeji, njoo bwana, ni hapo hapo tu!" Na ukitazama ramani kweli ni hapo hapo. Kunguru akiondoka Msimbati alfajiri, chai anakunywa Palma. Lakini kunguru hadaiwi pasipoti wala kadi ya homa ya manjano.

Utasema, si mna daraja? Tunalo, tena zuri, mita 720. Daraja la Umoja, marais wa nchi mbili walilizindua Mei 2010, na wazo lenyewe lilianza enzi za Nyerere na Samora. Tatizo daraja lenyewe liko Mtambaswala, mbali huko bara. Nikitaka kupita pale napanda basi hadi Masasi, kama kilomita 200, halafu Mangaka, halafu Mtambaswala yenyewe. Navuka, naingia Negomano, kisha naanza kurudi mashariki kupitia Mueda, kuifuata bahari ile ile niliyoiacha nyumbani. Nikialikwa harusi Palma kwa njia hiyo, nafika kwenye arobaini ya mtoto.

Kwa hiyo sisi wa mjini njia yetu ni Kilambo, kwenye pantoni. Safari inaanzia stendi, ndani ya Hiace.

"Tunaondoka sasa hivi, mzee. Bado mtu mmoja."

Huyo mtu mmoja namjua. Hajawahi kuja peke yake. Anakuja na ndoo mbili za dagaa, jogoo, na mtoto anayetaka dirishani. Kujaa kwa Hiace hakuna kipimo, kondakta ndiye anayejua, nadhani anasikiliza mabati yanavyolia. Hatimaye tunafika Kilambo, maji ndiyo kwanza yamekimbia. Pantoni ile pale, tumbo mchangani, inatutazama.

"Baba, mmechelewa kidogo," kijana wa pale ananiambia.

"Sasa inavuka saa ngapi?"

"Maji yakirudi."

Pale Ruvuma imeshakaribia kuingia baharini, kwa hiyo bahari ikijaa na mto unajaa, ikipwa michanga inachomoza. Unakaa. Hiace ilisubiri ijae, mto unasubiri ujae, kinachopungua ni mfuko wangu: chai, muhogo wa kuchoma, soda, chai tena. Mitumbwi ipo, wapo wanaojivukia. Ila mto una viboko, na kiboko hajali kama umelipa nauli.

Kinachoniudhi si mto. Maji hayana siri. Kila siku yanachelewa kiasi cha dakika 50 kuliko jana yake. Mwezi ukiandama au ukiwa mpevu ni bamvua, maji yanajaa sana na kupwa sana, mwezi nusu ni maji mafu, yanacheza kidogo tu. Mvuvi wa Msimbati anakuhesabia kwa vidole huku anatengeneza wavu, na watu wa bandari wana jedwali la mwaka mzima limepigwa chapa. Katika safari nzima hii, bahari ndiyo peke yake inayotimiza ahadi! Lakini Hiace inafuata abiria, ofisi ya mpakani inafuata saa ya ukutani, na hakuna aliyewahi kumuuliza mwenzake, "Wewe leo utakuwa wapi?"

Na hiyo saa ya ukutani nayo ina mambo. Msumbiji wako nyuma yetu kwa saa moja. Afisa wa huku akimaliza kula, wa kule ndiyo kwanza ananawa mikono. Nikikaa ukingoni simu inadaka mtandao wa ng'ambo: saa inarudi nyuma, salio linakwenda mbele, tena mbio kuliko pantoni. Wenzetu wa Namanga, mpakani na Kenya, wanagongewa mihuri ya nchi mbili ndani ya jengo moja. Sisi muhuri wa kutoka uko ng'ambo hii, wa kuingia ng'ambo ile, na katikati viboko.

Sasa sikia ya ming'oko. Mama mkwe yuko kwa mwanawe huko Palma, akaagiza ming'oko ya kwetu, ile mizizi ya porini ya kula. Mama Zuhura akanifungia furushi. "Baba Zuhura, usiiache njiani hata kidogo, mama ataniuliza." Mpakani kijana mmoja akalipapasa furushi, akachungulia, akaniuliza kwa upole kabisa: "Mzee wangu, cheti cha afya kiko wapi?"

Nikampa kadi yangu ya chanjo.

"Si chako. Cha mimea."

Jamani! Mimi presha sijapima tangu korosho iuzwe kwa bei ya maana, leo ming'oko ndiyo ikapimwe kwanza? Nikamwambia, mwanangu, huu mzizi umechimbwa msituni upande huu, na msitu upande ule ni ule ule, Wamakonde ni wale wale, mama mkwe ameshaila toka hana meno ya juu mpaka sasa hana tena. Akacheka, akasema sheria ni sheria. Tukaila ming'oko pale pale tukingoja maji, mimi, yeye, na yule mama wa dagaa. Nyumbani niliambiwa maneno siwezi kuyaandika hapa.

Si kila kitu ni ratiba, hilo nakubali. Machi 2021 Palma iliposhambuliwa, simu ya shemeji haikupatikana, na Mama Zuhura hakulala. Wakati ule hakuna aliyelalamikia Hiace. Hapo sitanii.

Mpwa wangu analinda magari kwenye hoteli moja mjini. Kulikuwa na semina ya usafiri endelevu wa kuvuka mipaka. Anasema wajumbe walikuja kila mmoja na gari lake kubwa, dereva amebaki ndani, injini inaunguruma toka asubuhi ili kiyoyozi kisizime. Ndani wanazungumzia watu kupanda basi. Mmoja akasahau kabrasha, mpwa akaniletea, nikalisoma lote nikiwa chooni na sebuleni. Kumbe nchi za SADC, jumuiya yetu ya kusini mwa Afrika, zilisaini itifaki ya uchukuzi kule Maseru mwaka 1996! Miaka hiyo nilikuwa na nywele. Kila kitu kimo humo, kuoanisha hiki, kurahisisha kile. Jambo moja tu naona lilikwisha oanishwa kitambo: sisi na Wamsumbiji wote tunaendesha kushoto. Magari yako tayari kupishana, bado kukutana.

Marehemu babu alikuwa akienda huko kwa mashua kutoka Mikindani. Kaskazi ikivuma anashuka kusini na chumvi na nguo, kusi ikianza anarudi. Hakuchoma hata kibaba cha mafuta. Sisemi turudi huko, mimi mwenyewe mashuani natapika. Nasema tu babu alikuwa anajua upepo wa kurudi kabla hajatweka tanga la kwenda.

Basi nikaona nisiwe mtu wa kulalamika tu. Nikaomba lile jedwali la maji, nikatoa kopi, nikapigia mstari saa za kujaa mwezi mzima, nikaenda nalo stendi. Nikamwambia mpiga debe: bandika hapa, Hiace za Kilambo zitoke kwa kufuata hii, abiria akishuka akute pantoni inaelea.

Akaligeuza, akaligeuza tena. "Mzee, tangazo la msiba buku mbili, la biashara buku tano. Hili la nini?"

"La bahari."

"Bahari ni biashara."

Nikatoa buku tano. Kesho yake napita pale nakuta juu ya jedwali langu limebandikwa tangazo la mganga, herufi nyekundu: anarudisha wapenzi walio mbali, anafungua njia zilizofungwa, malipo baada ya kazi. Namba nimeichukua. Kama anaweza kumrudisha mume aliyekimbilia Tunduru, Hiace ya saa mbili haiwezi kumshinda.